Kabla hujasimama kuomba kuondoa shauri la mkopo

Mdogo wangu uliyeapishwa juzi na kuja kuanzia uwakili hapa Mwanza, faili zako za kwanza nyingi zitakuwa za mikopo. Utakabidhiwa la mfanyabiashara wa dagaa wa Mwaloni Kirumba, au la mwenye duka la vifaa vya ujenzi Igoma. Aliweka nyumba rehani, marejesho yakakwama, na sasa dalali ameshabandika tangazo getini. Utafungua shauri, utaomba zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha mnada wakati shauri likiendelea. Kisha siku moja mkubwa wako atakwambia, "Nenda kaliondoe lile, lina kasoro, tutafungua jingine." Usiondoke hapo hujaelewa unachotumwa, maana mimi niliondoka.

Ulikuwa mwaka wangu wa pili kazini. Mteja alikuwa mama wa Nyakato ambaye mume wake aliiweka rehani nyumba ya familia bila yeye kuridhia. Madai yalikuwa na mguu wa kusimamia: Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, kifungu cha 114, inataka ridhaa ya mwenza kwenye rehani ya nyumba ya ndoa. Lakini hati ya madai niliiandika vibaya. Sikuitambulisha nyumba kwa namba ya kiwanja wala kitalu, na wakili wa benki akaleta pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria ya kutaka shauri litupwe kabla ya kusikilizwa. Nilisimama nikasema, "Mheshimiwa, tunaomba kuliondoa shauri." Jaji aliinua macho kutoka kwenye faili, kalamu bado iko mkononi, akaniuliza, "Ni hilo tu, wakili?" Nikajibu ni hilo tu. Akaandika mistari miwili. Mama alikuwa benchi la nyuma na mfuko wa plastiki wenye stakabadhi zake zote, na tulipotoka akaniuliza, "Mwanangu, tumeshinda?"

Swali la Jaji lilikuwa msaada, nami sikulisikia.

Soma Amri ya XXIII ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, kanuni ya 1, mpaka uweze kuieleza bila kitabu. Mdai anaweza kuondoa shauri lake wakati wowote baada ya kulifungua. Hiyo ni haki yake. Lakini akiliondoa bila ruhusa ya mahakama ya kufungua upya, kanuni ndogo ya 3 inamfungia mlango: hawezi tena kufungua shauri jipya juu ya jambo hilohilo, na anaweza kuamriwa kulipa gharama. Ruhusa hiyo iko kwenye kanuni ndogo ya 2, na ndiyo iliyo katika hiari ya mahakama. Mahakama ikiridhika kwamba shauri litaanguka kwa kasoro ya kiutaratibu, au kwamba kuna sababu nyingine za kutosha, inaweza kuruhusu, tena kwa masharti itakayoona yanafaa.

Hiari si huruma. Jaji anahitaji kitu cha kuandika kwenye uamuzi wake, na kitu hicho unampa wewe. Kasoro ya kiutaratibu ni kama ile yangu ya nyumba isiyotambulishwa. Shahidi aliyekukimbia, au stakabadhi za marejesho zilizopotea, ni udhaifu wa ushahidi. Ukiziita kasoro, wakili wa benki atasimama kusema unatafuta nafasi ya pili ya kuziba matundu, na atakuwa na haki. Taja kasoro yenyewe, onyesha aya ya hati ya madai ilipo, eleza kwa nini shauri haliwezi kusimama nayo, halafu utamke waziwazi kwamba unaomba kuliondoa kwa ruhusa ya kufungua shauri jipya. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ni lugha ya mahakama, kwa hiyo huna sababu ya kujificha nyuma ya maneno usiyoyamiliki.

Na usingoje pingamizi. Ukiomba kuondoa shauri baada ya mwenzako kuligundua kosa, utaonekana unamkwepa. Kasoro ukiiona mapema, kwanza jiulize kama haitoshi kuomba kurekebisha hati chini ya Amri ya VI, kanuni ya 17. Mimi ningefanya hivyo wiki mbili kabla, shauri lingebaki hai.

Sasa lililo zito zaidi kwenye mashauri ya benki: zuio. Zuio la muda linaning'inia kwenye shauri. Shauri likiondoka, hata kwa ruhusa nzuri kabisa, zuio limeondoka nalo, na benki iliyokwisha kutoa notisi ya siku 60 chini ya kifungu cha 127 inaweza kuendelea na mnada. Ruhusa ya kufungua upya haimzuii dalali. Kwa hiyo shauri jipya na maombi ya zuio viwe vimeandikwa, vimesomwa na kusainiwa kabla hujaingia kuliondoa la zamani. Nyumba ikishauzwa, kifungu cha 135 kinamlinda mnunuzi, na mteja wako anabaki na madai ya fidia badala ya paa.

Angalia pia muda. Kanuni ya 2 ya Amri ileile inasema shauri jipya linahesabiwa ukomo, yaani muda wa mwisho wa kulifungua, kana kwamba la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Madai ya mkataba yana miaka 6. Ukikaa mahakamani miaka mitatu kisha ukaliondoa shauri, miaka hiyo imekula muda wako. Na kama benki imeleta madai kinzani, yaani madai yake yenyewe dhidi ya mteja wako ndani ya shauri hilohilo, hayo hayaondoki na ya kwako, yataendelea.

Kuna kuondoa shauri kwa sababu "tumeelewana na benki". Hapa nakuomba uwe mgumu. Ofisa wa mikopo atampigia mteja simu amwambie aondoe kesi kwanza, kisha watampangia upya marejesho. Anaweza kuwa mkweli kabisa, na mwezi ujao akahamishiwa tawi jingine. Makubaliano yaandikwe, yasainiwe na pande zote, yapelekwe mahakamani chini ya kanuni ya 3 ya Amri hiyohiyo. Mahakama itayarekodi na kutoa tuzo, yaani amri inayozibana pande zote, na benki ikigeuka unaomba kukazia tuzo, itekelezwe, badala ya kuanza kubishana ni nani aliahidi nini kwenye simu.

Yule mama tulimfungulia shauri jipya. Benki ilileta kanuni ndogo ya 3, tukaanguka asubuhi moja tu. Nyumba ilikwenda mnadani. Nilimweleza mimi mwenyewe, sikumtuma karani, na nilimwambia kosa lilikuwa langu.

Siku yako ikifika, ukishapewa amri usitoke kwa haraka. Omba isomwe, kisha fuatilia nakala yake. Kama imeandikwa "shauri limeondolewa" bila neno la ruhusa uliyoiomba, simama palepale, Jaji akiwa bado kitini, umkumbushe kwa heshima.