Saa Kumi na Dakika 44 Alfajiri: Maswali Yenu Kuhusu 4:44 ya Jay-Z

Safari iliyopita niliandika kwamba kwa marapa waliovuka miaka 45, sijasikia albamu ya peke yake inayoifikia 4:44 ya Jay-Z, kisha nikaendelea na mambo mengine kana kwamba nimesema maji yanalowesha. Mmenijia juu. Maswali mengine ni ya msingi, mengine ya kunichokoza tu. Nimeokota haya.

Mkuu, huyu si alituaga mwaka 2003? Kwa nini wazee hawa hawawaachii vijana uwanja?

Alituaga kweli. Novemba 2003 alitoa The Black Album, akajaza ukumbi wa Madison Square Garden kwa onyesho la kuaga, na sisi wengine tukaamini. Miaka mitatu baadaye akarudi na Kingdom Come, na hapo nakuunga mkono: ilikuwa chapwa. Mwenyewe mwaka 2013 alizipanga albamu zake kwa ubora, hiyo akaiweka mkiani.

Lakini tatizo la Kingdom Come halikuwa umri. Alikuwa mtu anayehangaika kutuonyesha kwamba bado yumo. Juni 30, 2017, 4:44 inatoka, ana miaka 47, imepita miaka 21 tangu albamu yake ya kwanza, Reasonable Doubt, na wimbo wa kufungulia unaitwa Kill Jay Z. Yaani Shawn Carter, jina alilopewa na mama yake, anamshika yule bosi wa jukwaani na kumsomea makosa yake moja moja. Mtu anayejizika mwenyewe dakika ya kwanza hana haja ya kugombea uwanja na vijana.

Jina la albamu lina siri gani? Kuna watu wameandika mpaka mambo ya nyota.

Aliamka saa kumi na dakika 44 alfajiri akaandika wimbo uliobeba jina hilo. Kwa saa zetu ingeitwa 10:44, na uchawi wote wa namba ungekufa hapo hapo. Uchawi wenyewe ni huu: yeye kazaliwa Desemba 4, mkewe Beyoncé Septemba 4, wakaoana Aprili 4, 2008. Waliopiga hesabu zaidi ya hapo wanajitafutia homa.

Kaka, mimi nina miaka 19. Nimeisikiliza mara mbili, sijaona hata ngoma moja ya kuchezeka. Mnasifia nini?

Mdogo wangu, hujakosea, haikutengenezwa ichezwe. Bam peke yake, ile aliyomshirikisha Damian Marley juu ya sauti ya Sister Nancy, ndiyo inaweza kukuinua kwenye kiti.

Nakuomba usikilize kazi ya prodyuza. Albamu nzima ya nyimbo kumi ameisimamia mtu mmoja, No I.D. wa Chicago, ambaye ndiye aliyemfundisha Kanye West kazi. Siku hizi albamu ya msanii mkubwa hupikwa na maprodyuza kumi na tano, kila mmoja na chumvi yake. Hapa kuna mkono mmoja, na muda wote ni kama dakika 36 hivi. Na No I.D. hakuchukua vipande vya nyimbo za zamani kwa ajili ya utamu tu. Sauti anazozikata ndizo zinazozungumza. Kwenye The Story of O.J. ni Nina Simone na wimbo wake Four Women, unaohusu wanawake weusi wanne na rangi za ngozi zao. Juu yake Jay-Z anawataja watu weusi wa kila aina, tajiri na maskini, wa shambani na wa nyumbani kwa bwana, kisha anasema wote machoni pa Marekani ni walewale. Ondoa Nina Simone, nusu ya hoja imeondoka.

Sasa nenda kwenye wimbo wa 4:44 wenyewe. Vaa spika za masikioni, zima taa ukitaka. Anayeanza kukiri pale si Jay-Z. Ni Hannah Williams, mwimbaji wa soul wa Uingereza, sauti imekwaruza, akisema hatamtendea mwenzake inavyostahili. Mdundo umekatwa vibaya kwa makusudi, kama mtu anayerudia kauli moja kwa kukosa nyingine. No I.D. alieleza baadaye kwamba aliutengeneza mdundo huo ili kumbana Jay-Z kwenye kona, asiweze kuimba juu yake kitu kingine ila habari hiyo. Jay-Z anapoingia anaongea zaidi kuliko kurapu. Vina vinalegea, mistari mingine inapita mwisho wa mdundo. Mtu aliyejulikana kwa kutokosea hata silabi anaacha makosa yasikike. Kwa umri wako nami ningesema kachoka. Rudia mara ya tatu.

Mimi ni mwanamke na nina neno. Kamsaliti mkewe, mkewe kaimba mwaka 2016 kwenye Lemonade, sasa yeye naye anauza toba. Hiyo ni sanaa au duka la familia?

Dada, hili ndilo swali gumu kuliko yote, na sitajifanya nimelimaliza.

Duka lipo. Mke alitoa albamu, mume akajibu kwa albamu, na Juni 2018 wakatoa ya pamoja, Everything Is Love. Mwenye macho anaona kwamba maumivu ya nyumba moja yamezaa kazi tatu. Tena albamu ya mume ilianzia Tidal, wakati huo jukwaa lake mwenyewe la muziki.

Ila pima toba kwa gharama yake. Kwenye wimbo ule hasemi tu "nisamehe". Anazitaja mimba zilizoharibika na kujilaumu kwamba hakuwepo. Anasema ilibidi azaliwe binti yake ndipo aanze kuona kwa macho ya mwanamke, na kwamba hajui atawaambia nini watoto wake siku wakijua. Pacha wake walikuwa wamezaliwa mwezi uleule albamu ilipotoka. Novemba 2017, kwenye mahojiano na New York Times, alirudia jambo hilo bila mdundo nyuma yake, akakiri usaliti na kueleza alivyokwenda kwa mtaalamu wa ushauri nasaha.

Rapa wa kizazi chake kafundishwa kwamba kuumia ni kwa wanaopigwa. Ndiyo maana wanaume wengi wa rika lake waliusikiliza wimbo huu kimyakimya, peke yao, kwenye gari. Je, inamtosha Beyoncé? Hilo si la kwetu. Inatosha kuwa wimbo mzuri? Kwangu, ndiyo. Na ukihisi bado anajihurumia sana, nakuelewa, kuna mistari miwili mitatu ambapo hata mimi nilitaka anyamaze.

Usisahau Smile pia. Humo anasimulia kwamba mama yake, Gloria Carter, anapenda wanawake na aliishi miaka mingi akijificha, kisha mama mwenyewe anafunga wimbo kwa shairi. Hapo mtoto anampa mzazi wake kipaza sauti, na sidhani kama kuna mwenye duka aliyemtuma.

Albamu ilipata platinamu ndani ya wiki moja na mtaani hakuna aliyeinunua. Hizo namba zimetoka wapi?

Zimetoka kwenye kampuni ya simu. Sprint ilikuwa imenunua asilimia 33 ya Tidal Januari 2017. Albamu ikatoka kwa wateja wa Tidal na Sprint tu, na wa Sprint wakaipakua bure kwa hisani ya kampuni. RIAA, chama cha makampuni ya kurekodi muziki Marekani, kikaitangaza platinamu, kopi milioni moja, kabla haijafikia maduka mengine Julai 7.

Mchezo si mpya. Mwaka 2013, kwa Magna Carta Holy Grail, Samsung ilinunua kopi milioni moja kwa dola 5 kila moja ikawagawia wenye simu zake. RIAA ilibadili kanuni zake ili isisubiri siku 30, ikazihesabu. Billboard, jarida linalopanga chati za muziki Marekani, ikakataa: bure haiingii kwenye chati. Na kwa 4:44 msimamo ukawa uleule. Ilipoanza kuuzwa kwingine ndipo ikaingia namba moja, ikiwa na vipimo 262,000 kwa kujumlisha mauzo na usikilizaji wa mtandaoni, nayo ikawa albamu yake ya 14 kufika kileleni. Kwa hiyo mwenye kubishana nawe kijiweni kuhusu platinamu muulize anahesabu kwa daftari la nani.

Mimi biashara ile iliniudhi. Albamu ya mtu anayejivua nguo ilifungiwa nyuma ya laini ya simu. Wenye Spotify waliisubiri hadi Desemba 4, 2019, siku aliyotimiza miaka 50 na kurudisha kazi zake huko.

Vipi ule mstari kuhusu Wayahudi na majengo?

Upo kwenye The Story of O.J. Anawahimiza weusi wenzake waache kuchoma pesa na wanunue mali, kisha anatoa mfano kwamba Wayahudi ndivyo walivyomiliki majengo yote Marekani. Anti-Defamation League, shirika la Kiyahudi linalopinga chuki, lilisema halimwoni kama mwenye nia mbaya ila lilihofia maneno hayo yanalisha dhana ya zamani. Yeye alijitetea kwamba wimbo na video yake ya katuni vilikuza kila kitu kupita kiasi, hasa sura za watu weusi.

Walikuwa na haki ya kuhofia. Mfano ulikuwa wa kivivu, hasa kwa kuwa mfano bora alikuwa nao mistari michache tu kando yake: jengo la Dumbo, Brooklyn, ambalo angeweza kulinunua kwa dola milioni 2 na sasa lina thamani ya milioni 25. Huo unamuuma mwenyewe, haumgusi jirani.

Grammy nane, akatoka mikono mitupu. Walimwonea?

Januari 2018, ndiyo, aliteuliwa mara nyingi kuliko wote. Tatu zilikwenda kwa Bruno Mars, tano kwa Kendrick Lamar. Za Bruno nabisha mpaka kesho, hasa albamu ya mwaka. Za Kendrick sina la kusema. Albamu yake, DAMN., ilikuja kupata tuzo ya Pulitzer miezi mitatu baadaye, ya kwanza kwa hip hop, na ukishindwa na kazi kama hiyo unampa mkono mwenzako unakwenda kula.

Sijawahi kuisikiliza. Nianzie wapi?

Anzia mwisho, Legacy. Inafunguka kwa sauti ya Blue Ivy, mtoto wa miaka mitano, akimuuliza baba yake wosia ni nini. Baba anaanza kugawa: dada zake, wapwa, binamu, kinachobaki apewe mkewe. Katikati ya mgawo huo anamgusa babu yake mhubiri na alichomfanyia binti yake wa kumzaa, kwa sauti ileile tulivu, kama naye ni kitu kimojawapo kwenye orodha ya urithi.