Maswali ya Wasomaji: Makala Iliyotengenezwa kwa Picha Mnato

SWALI: Mhariri, nimesoma kwamba Toshio Matsumoto wa Japani alitengeneza filamu ya makala kuhusu wachonga mawe kwa kutumia picha mnato zilizopigwa na mtu mwingine. Kazi hiyo inawezaje kuitwa makala, ilhali yeye mwenyewe hakurekodi tukio lolote likitendeka?

JIBU: Ndugu msomaji, filamu unayoiulizia ni Ishi no uta ya mwaka 1963, na shaka uliyo nayo inagusa jambo ambalo Matsumoto alilipigania kwa kalamu kabla ya kulionyesha kwa kamera. Mwishoni mwa miaka ya 1950 aliwashutumu watengenezaji wa makala waliomtangulia kwa kuwa walitumikia propaganda ya Vita Vikuu vya Pili vya Dunia, kisha, vita vilipokwisha, wakahamia upande wa demokrasia bila kujihoji wao wenyewe. Kwa maoni yake, anayejificha nyuma ya madai kwamba kamera huonyesha mambo yalivyo anakwepa kuwajibika kwa jinsi anavyoyatazama. Ndiyo maana alitaka makala iuchunguze ulimwengu wa nje na nafsi ya mtengenezaji anayeutazama kwa wakati mmoja, na mbinu za sanaa ya majaribio zikawa ndizo nyenzo zake za uchunguzi huo.

Sasa itazame Ishi no uta kwa msingi huo. Picha zilipigwa na Ernest Satow miongoni mwa wachonga mawe wa kisiwa cha Shikoku. Matsumoto hakuzipanga tu zifuatane kama katika albamu, bali aliifanya kamera itambae juu yake, isogelee mkono au ufa wa jiwe, irudi pale pale, kisha iruke ghafla, huku muziki wa Kuniharu Akiyama ukisukuma mwendo wa picha. Picha iliyokuwa imeganda inaanza kupata uhai kwa kazi ya mhariri wa filamu, kama vile jiwe gumu linavyopata umbo mikononi mwa mchongaji, na hapo, kwa maoni yangu, ndipo filamu hii inapostahili kuitwa makala kikamilifu: inatueleza kazi ya watu wale kwa kuifanya kazi inayofanana nayo, wala haitufichi kwamba tunatazama kitu kilichotengenezwa.

Hatari ipo, na haifai kupuuzwa. Umbo likitawala mno, mchonga mawe anaweza kugeuka pambo, tukamaliza kutazama bila kujua lolote kuhusu ujira wake wala maisha yake. Anayetafuta taarifa za namna hiyo hatazipata humu.

Matsumoto hakuishia hapo. Mwaka 1968, katika Tsuburekakatta migime no tame ni, alitumia projekta tatu kwa pamoja, picha za maandamano ya wanafunzi zikigongana na za burudani za mjini, hata jicho likalazimika kuchagua pa kutua. Mwaka uliofuata, katika Bara no soretsu, ambayo ni hadithi ya kubuni, alikatiza masimulizi ili kuwahoji waigizaji kuhusu nafsi zao na nafasi walizoigiza. Ukitaka kumfahamu, anza na Nishijin ya mwaka 1961, inayohusu wafumaji wa Kyoto, kwa sababu humo bado utaona watu na mitambo vikiwa kazini, na itakuwa rahisi zaidi kutambua ni wapi mkono wa mtengenezaji unaanza kuingilia.