Filamu za Giza kwa Bajeti Ndogo: Taa, Damu na Mkataba

Hadithi za mauaji, mizimu na watu waliovunjika ndani zina watazamaji wake waaminifu, hata kama mwongozaji hana jina na waigizaji hawajulikani. Watazamaji hao huvumilia mengi, ila si picha isiyoonekana.

Wengi huzima kila taa, wakapandisha ISO (kipimo cha kamera kuhisi mwanga), kisha wakapata picha iliyojaa chenga. Giza hutengenezwa kwa mwanga. Weka taa moja nyuma ya mwigizaji ichore nywele na mabega, nyingine dhaifu ubavuni, na mbele usiweke kitu. Acha ndani ya fremu kitu kimoja kinachong'aa, kama taa ya mezani. Jicho likiwa na cha kulinganisha, pembe zilizobaki huonekana nyeusi kweli. Rekodi picha iwe angavu kidogo kuliko unavyoitaka, uishushe wakati wa kusahihisha rangi. Kinyume chake hakiwezekani: kivuli kilichokosa mwanga tangu mwanzo ukikipandisha hutoa chenga tu. Kisha pakia sekunde 30 za majaribio mtandaoni, kwa siri, maana mtandao ukiibana video ili iwe nyepesi, weusi laini hugeuka vijiraba.

Damu ni sharubati nzito ya sukari, rangi nyekundu ya chakula, tone la buluu na kakao kidogo ili isipitishe mwanga. Inanata, inavuta sisimizi na haitoki kirahisi kwenye kitambaa, kwa hiyo nunua nguo hiyohiyo mara 3 na usipige sini ya damu asubuhi.

Sauti ndiyo inayotisha. Kila chumba kina mvumo wake, nao ukikatika katikati ya ukimya mtazamaji anasikia mkato badala ya kuogopa. Rekodi sekunde 60 za chumba kitupu kabla watu hawajaanza kufungasha vifaa.

Sini ya ukatili au ubakaji iandikwe hatua kwa hatua: nani anamgusa nani, wapi, kamera iko upande gani. Mwigizaji akubali kwa maandishi kabla ya siku ya kupiga picha. Kumshtukiza mtu ili "alie kweli" ni uvivu wa mwongozaji. Mkipiga nje mkiwa na silaha za bandia, polisi na majirani wajulishwe.

Halafu makaratasi. Mwaka 1968 msambazaji alibadilisha jina la filamu ya George A. Romero ikawa Night of the Living Dead. Tangazo la hakimiliki lililoandamana na jina la zamani likaondolewa nalo, na kwa sheria ya Marekani ya wakati huo filamu ikawa mali ya umma, yaani yeyote aliweza kuinakili na kuiuza bila kumlipa mwenyewe. Siku hizi tangazo halina uzito huo, lakini msambazaji bado atadai saini za mwandishi, mtunzi wa muziki na kila mwigizaji. Kusaka saini baada ya watu kutawanyika ni kazi chungu.

Katika mkataba wenyewe na msambazaji, soma miaka na nchi anazopewa kuiuza filamu, pamoja na gharama za matangazo. Gharama hizo zisipowekewa kikomo, msambazaji hujilipa yeye kwanza, na mgawo wako unaweza kusomeka sifuri mwaka hadi mwaka.