Takwimu za kupikwa: maswali yenu na majibu

Maswali kuhusu takwimu za kupikwa yamekuwa mengi, kutoka kwa walimu, wanafunzi wa vyuo na hata mtumishi wa idara ya takwimu. Nimechagua machache. La huyo mtumishi nimeliweka mwisho kwa sababu linahitaji jibu la mtu aliye ndani ya tatizo, si la mtazamaji.

Swali: Siku hizi kila mtu akiona namba asiyoipenda anasema "hiyo imepikwa". Maana yake hasa ni nini? Namba yenye makosa nayo imepikwa?

Hapana, na kuchanganya mambo haya mawili kuna madhara. Takwimu imepikwa pale mtoaji alipoamua kwanza jibu analolitaka, kisha akahesabu, akachagua au akaficha mpaka jibu hilo likatokea. Kosa halina nia hiyo.

Tazama kosa lilivyo. Mwaka 2010 wachumi wawili wa Marekani, Carmen Reinhart na Kenneth Rogoff, walichapisha utafiti ulioonyesha kwamba nchi ambazo deni la serikali limezidi asilimia 90 ya pato la taifa, uchumi wake kwa wastani husinyaa kwa asilimia 0.1. Wanasiasa wa nchi kadhaa waliudaka utafiti huo kutetea kubana matumizi ya serikali. Mwaka 2013 Thomas Herndon, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Massachusetts, aliomba jedwali lao la kompyuta, akapewa, akagundua kuwa fomula ilikuwa imeziruka nchi tano. Aliporekebisha hilo, pamoja na namna miaka na nchi zilivyochaguliwa na kupewa uzito, wastani uligeuka kuwa ukuaji wa asilimia 2.2. Kosa hilo lilikuwa kubwa na lenye gharama. Hata hivyo, wenye utafiti walitoa jedwali lao, na kosa la fomula walilikiri hadharani.

Sasa tazama upishi. Mapema mwaka 2007 serikali ya Argentina ilimwondoa mtakwimu aliyesimamia hesabu ya bei katika taasisi ya takwimu ya nchi hiyo, INDEC. Kwa miaka iliyofuata mfumuko rasmi wa bei ulitangazwa kuwa karibu asilimia 10, wakati wachumi wa kujitegemea walikuwa wakipata zaidi ya asilimia 20. Wachumi hao walipotangaza makadirio yao walipigwa faini, mpaka wabunge wa upinzani wakaanza kuyatangaza wao kwa kuwa walikuwa na kinga. Mwaka 2013 IMF ilitoa karipio rasmi dhidi ya Argentina, na haikuliondoa hadi mwaka 2016, baada ya serikali kubadilika na hesabu kufumuliwa upya.

Unaona dalili zenyewe: anayehesabu anaondolewa, njia ya kuhesabu inabadilishwa bila maelezo, anayehoji anaadhibiwa. Dalili hizo zikiwapo, sema imepikwa bila kumung'unya maneno. Zisipokuwapo, sema unaitilia shaka na uombe data. Ukizoea kuita kila namba ya kupikwa unamsaidia mpikaji, maana siku utakapomkamata kweli hakuna atakayekusikiliza.

Swali: Kuna "kuchakachua", kuna "takwimu hewa", kuna "takwimu potofu". Ni kitu kimoja?

Yanakaribiana, lakini kila moja lina mahali pake. Kuchakachua lilivuma kwa mafuta yaliyochanganywa, kwa hiyo linafaa pale palipokuwa na hesabu ya kweli kisha ikatiwa kisicho cha kweli. Hewa ni kisichokuwapo kabisa, kama mfanyakazi hewa: hakuna aliyehesabu chochote. Mfano wake ni Diederik Stapel, profesa wa saikolojia nchini Uholanzi, ambaye mwaka 2011 ilibainika kuwa majibu ya hojaji alizodai kuzigawa alikuwa akiyajaza mwenyewe. Potofu ni pana zaidi, ni namba yoyote inayompeleka msomaji kusiko, iwe kwa makusudi au kwa bahati mbaya.

Swali: Kwenye semina ya kazini mkufunzi alituambia asilimia 93 ya mawasiliano si maneno bali sauti na ishara za mwili. Niliandika kwenye daftari, ila nimebaki na wasiwasi. Imepikwa?

Haikupikwa jikoni ilikotoka. Imeharibikia njiani.

Chanzo chake ni majaribio mawili ya mwaka 1967 yaliyofanywa na Albert Mehrabian na wenzake huko California. Washiriki walisikilizishwa neno mojamoja likisemwa kwa sauti za namna tofauti, au walionyeshwa picha za nyuso, wakaulizwa msemaji ana hisia gani. Swali la utafiti lilikuwa dogo: maneno, sauti na uso vikipingana, msikilizaji hufuata kipi katika kukisia kama msemaji anampenda mtu au hampendi? Hapo ndipo zilipotoka 7 kwa maneno, 38 kwa sauti na 55 kwa uso. Mehrabian mwenyewe ameeleza kuwa hesabu hiyo haihusiani na mazungumzo yasiyo ya hisia.

Jipime mwenyewe. Msikilize mtu akikueleza kwa lugha usiyoijua namna ya kutumia dawa, na umtazame usoni kadiri unavyotaka. Kama asilimia 93 ingekuwa kweli, ungeondoka ukijua umeze vidonge vingapi.

Namba za aina hii husambaa sana kwa sababu zina tarakimu kamili. Mkufunzi angesema "sauti na uso vina uzito mkubwa", usingeandika. Ukikutana na nyingine kama hiyo uliza mambo matatu tu: nani alihesabu, alihesabu nini, na asilimia hii ni ya nini? Hilo la tatu ndilo linaloangusha nyingi.

Swali: Kura ya maoni mtandaoni imepata washiriki zaidi ya laki mbili. Kwa wingi huo si lazima iwe karibu na ukweli?

Si lazima. Mwaka 1936 gazeti la Literary Digest la Marekani lilituma kadi za kura ya maoni zipatazo milioni 10 na kurudishiwa zaidi ya milioni 2. Likatabiri kwamba Alf Landon angemshinda Rais Franklin Roosevelt katika uchaguzi wa urais. Roosevelt alichukua majimbo 46 kati ya 48. Mpima maoni George Gallup, kwa sampuli ndogo mno ukilinganisha na hiyo, alikuwa ametaja mshindi sahihi. Majina ya Digest yalitoka kwa kiasi kikubwa kwenye orodha za simu na za wenye magari, na hao, katikati ya mdororo wa uchumi, hawakuwa wapigakura wa kawaida. Juu ya hapo, waliojisumbua kurudisha kadi hawakufanana na walioziacha.

Kura ya mtandaoni ina tatizo hilohilo la pili, tena kubwa zaidi, maana hujibiwa na anayetaka tu. Ulizia waliojibu walipatikanaje kabla hujaulizia wingi wao.

Swali: Nimesoma kuwa dawa fulani "inaongeza hatari mara mbili". Namba kama hiyo inawezaje kudanganya ikiwa ni ya kweli?

Nashukuru kwa swali hili, kwa sababu upotoshaji ulioumiza watu wengi umefanywa kwa namba za kweli.

Oktoba 1995 kamati ya usalama wa dawa ya Uingereza ilitoa tahadhari kwamba aina mpya za vidonge vya kuzuia mimba zinaongeza mara mbili hatari ya damu kuganda kwenye mishipa. Habari ikaenea siku hiyohiyo. Wanawake wengi waliacha vidonge, wengine katikati ya mzunguko, bila kuongea na daktari. Kilichokuwa nyuma ya "mara mbili" ni hiki: kwa vidonge vya zamani, karibu mwanamke 1 kati ya 7,000 alipata tatizo hilo, kwa vipya, karibu 2 kati ya 7,000. Ongezeko ni mtu mmoja katika kila 7,000. Na ujauzito wenyewe una hatari kubwa zaidi ya damu kuganda kuliko vidonge vyote hivyo. Katika mwaka uliofuata, England na Wales zilikuwa na ongezeko la utoaji mimba linalokadiriwa kuwa 13,000.

Hakuna aliyedanganya katika hesabu. Kilichokosekana ni sentensi moja: mara mbili ya nini? Mimi siamini kwamba walioandika tahadhari ile walitaka kumdhuru mtu, ndiyo maana sitasema ilipikwa. Lakini anayeuza kitu, au anayetaka habari yake isomwe, anaujua mlango huu vizuri. Ataeleza faida ya dawa yake kwa mara ngapi au kwa asilimia, na madhara yake kwa mtu mmoja kati ya maelfu, ukurasa uleule. Ukiona vipimo viwili tofauti kwa mambo mawili yanayopaswa kulinganishwa, simama hapo na uvigeuze vyote viwe watu kati ya idadi moja, tuseme kati ya 10,000. Hesabu hiyo ni ya shule ya msingi, na inafichua mengi kuliko maelezo marefu ya kitaalamu.

Kwa anayeumwa: usiache dawa kwa sababu ya kichwa cha habari. Nenda na namba zote mbili kwa daktari wako.

Swali: Nimesikia kuna hesabu inayonasa namba za kutunga. Ni kweli?

Kuna kanuni ya Benford. Mwaka 1881 Simon Newcomb aligundua kuwa kurasa za mwanzo za vitabu vya logi (majedwali ya kurahisisha hesabu), zenye namba zinazoanza na 1, zimechakaa kuliko za mwisho. Mwaka 1938 Frank Benford akalipima jambo hilo kwa orodha nyingi. Katika namba zinazotofautiana sana kwa ukubwa, kama idadi ya watu wa miji au malipo ya kampuni, tarakimu ya kwanza huwa 1 kwa karibu asilimia 30, na 9 kwa chini ya asilimia 5. Anayetunga namba kichwani hajui hilo, naye huzitawanya tarakimu karibu sawasawa. Wakaguzi wa hesabu huitumia.

Ila usiishike kama upanga. Haifai kwa urefu wa watu, wala kwa vituo vya kura vyenye wapigakura wanaokaribiana idadi. Inakupa sababu ya kufungua jalada na kuchunguza, na inaishia hapo.

Swali: Nafanya kazi katika idara ya takwimu. Mkuu wangu ameniambia "nirekebishe" asilimia moja kabla ripoti haijatoka kwa sababu wakubwa hawataifurahia. Nina familia. Nifanye nini?

Ndugu yangu, sitakwambia ni jambo jepesi. Sensa ya mwaka 1937 katika Umoja wa Kisovieti ilihesabu watu takriban milioni 162, pungufu sana kuliko serikali ya Stalin ilivyotarajia, maana njaa ya miaka ya 1932 na 1933 ilikuwa imeua mamilioni. Matokeo yakafichwa, viongozi wa sensa wakakamatwa, na baadhi yao wakauawa. Sensa mpya ya 1939 ilitangaza milioni 170. Na hata nyakati zetu, Andreas Georgiou alipoongoza takwimu za Ugiriki kuanzia 2010, ofisi yake ilitoa nakisi ya bajeti ya mwaka 2009 kuwa asilimia 15.4 ya pato la taifa. Serikali iliyotangulia ilikuwa imeieleza Ulaya asilimia 3.7. Shirika la takwimu la Umoja wa Ulaya lilizikubali hesabu zake. Alichoambulia nyumbani ni miaka ya kushtakiwa, na mwaka 2017 kifungo cha nje cha miaka miwili kwa kutozipeleka namba hizo kupigiwa kura na bodi. Fikiria: kupigia kura namba.

Kwa hiyo kwenda kwako kuwe kwa tahadhari. Kwanza hakikisha umemwelewa mkuu wako. Muulize kwa heshima, "Kosa liko wapi, kwenye fomu au kwenye hesabu?" Huenda kweli kuna kosa, na kulisahihisha ni wajibu wako. Asipoweza kukuonyesha, omba agizo kwa maandishi. Wengi huishia hapo, kwa sababu hakuna anayetaka saini yake chini ya agizo la namna hiyo.

Mpe pia njia ya kutokea. Mwambie namba huwezi kuibadilisha ila unaweza kuongeza maelezo: sampuli ilikuwaje, kwa nini mwaka huu ni tofauti, ukingo wa makosa ni kiasi gani. Mkuu anayeogopa wakubwa mara nyingi anatafuta cha kuwajibu tu. Mkumbushe kwamba Umoja wa Mataifa una Kanuni za Msingi za Takwimu Rasmi, zilizopitishwa na Tume yake ya Takwimu mwaka 1994 na kuidhinishwa na Baraza Kuu mwaka 2014, na kwamba zinataka njia za kukusanya na kutoa takwimu ziamuliwe kwa misingi ya taaluma. Ukizitaja hizo, hubishani naye kama mtu binafsi.

Hifadhi faili la awali ndani ya mfumo wa ofisi, likiwa na tarehe, na uandike hatua zote za hesabu. Usitoe data za watu nje ya ofisi, hata kwa nia njema: utawadhuru waliokuamini, na utakuwa umempa mkuu wako kosa la kukushtakia. Zungumza na mwenzako mmoja mwandamizi unayemwamini, na kama taasisi yenu ina mwanasheria, mwone mapema.

Wakibadilisha namba bila wewe, andika barua fupi isiyomtuhumu mtu, ueleze kuwa asilimia iliyochapishwa siyo iliyotoka kwenye hesabu yako, na uombe jina lako liondolewe kwenye ripoti. Iwasilishe kwa masjala, igongwe mhuri wa kupokelewa, na nakala ubaki nayo.