Maswali na majibu: soka la vijana wa visiwa vya Pasifiki

Tangu Kombe la Dunia la vijana chini ya miaka 17 (U-17) lililofanyika Qatar Novemba 2025, wasomaji wengi wameuliza kuhusu timu za Oceania na mashindano yanayozifikisha huko. Tumechagua maswali 6. Mengine yalikuwa yale yale kwa maneno tofauti.

New Caledonia walitoka sare na Japani, kisha wakafungwa 16-0 na Moroko. Mechi iliuzwa? (Mwanza)

Hapana, na ukiliangalia kundi lenyewe utaona sababu. Moroko walikuwa wamepoteza mechi 2 za kwanza: 2-0 kwa Japani na 6-0 kwa Ureno. Walikuwa mkiani, hawana pointi, na deni la mabao 8. Lakini safari hii mashindano yalikuwa na timu 48 katika makundi 12, na mbali ya timu 2 za juu kila kundi, washika nafasi ya 3 bora 8 nao walikuwa wanavuka. Kwa hiyo ushindi wa 1-0 usingewasaidia kitu. Walihitaji mabao mengi kadiri dakika zinavyoruhusu, na hawakuwa na sababu ya kupunguza kasi hata matokeo yalipofika 8-0. Walimaliza na pointi 3 na mabao 8 ya ziada, wakavuka. Rekodi ya awali ya mashindano hayo ilikuwa Hispania 13, New Zealand 0, mwaka 1997 kule Misri.

Kwa upande wa New Caledonia, ile 0-0 na Japani haikuwa bahati nasibu. Vijana wa visiwani wana nguvu na mbio, na wakijipanga nyuma wanaweza kumsumbua yeyote. Mwaka 2017 nchini India walitoka 1-1 na Japani hao hao. Safari hii kilichowaangusha ni mechi ya tatu ndani ya siku 7. Hapo ndipo beki anapochelewa hatua moja, kiungo harudi tena kukaba, na mpira unaotolewa ovyo langoni unarudi sekunde 5 baadaye. Bao la kwanza likiingia mapema, mpango wa kulinda unakuwa hauna maana, na hakuna mpango wa pili.

Hakuna mpango wa pili kwa sababu hawazoei kuutafuta. Fainali za Oceania za 2024 kule Tahiti zilikuwa na timu 8 katika makundi 2, maana yake timu iliyofika fainali ilicheza mechi 5. Baada ya hapo kijana anarudi kwenye ligi ya kisiwa chenye watu wasiofika 300,000. Unguja na Pemba kwa sensa ya 2022 zina watu karibu 1,890,000. Mechi za kirafiki nazo ni taabu: kutoka Port Moresby (Papua New Guinea) hadi Papeete (Tahiti) ni karibu kilomita 7,000, mbali kuliko Dar es Salaam hadi Roma, na safari nyingi za namna hiyo hupitia Auckland au Brisbane. Nauli ya wachezaji 21 na viongozi wao ndiyo inayokula bajeti, mpira unafuata baadaye.

New Zealand ndiyo inayojitenga na wenzake. Ina watu zaidi ya milioni 5, akademia za klabu za kulipwa, na imetwaa ubingwa wa Oceania wa U-17 mfululizo kuanzia 2007, mara tu Australia ilipohamia Asia mwaka 2006. Wengine wanagombea nafasi zilizobaki, na kusema kweli hapo ndipo mashindano yanapokuwa matamu.

Kwa nini wanacheza U-16 ili kufuzu Kombe la U-17? (Tanga)

Ni hesabu ya mwaka wa kuzaliwa. Kombe la U-17 la 2025 lilikuwa la waliozaliwa kuanzia Januari 1, 2008. Mchujo wa Oceania ulichezwa 2024, na mwaka huo mtoto wa 2008 ana miaka 16. Kundi ni lile lile, jina ndilo linafuata mwaka wa mchujo. U-19 na U-20 ni vivyo hivyo: mchujo wa 2024 uliofanyika Samoa uliitwa U-19, na waliofuzu walikwenda Kombe la U-20 la Chile 2025. Mchujo ukisogea hadi mwaka wa Kombe lenyewe, jina linarudi, kama Januari 2023 pale Fiji walipocheza U-17.

Kosa la kawaida kwa makatibu wa timu ni kusoma jina la mashindano badala ya kanuni. Angalia tarehe ya kuzaliwa iliyoandikwa kwenye kanuni, hiyo ndiyo sheria. Mtoto wa Desemba 31, 2007 hachezi, hata kama amewakosa wenzake kwa siku moja.

Tahiti na New Caledonia ziko chini ya Ufaransa lakini zina timu FIFA. Mbona Réunion, kisiwa kingine cha Ufaransa, haimo, na sisi Zanzibar je? (Chake Chake)

Katiba ya FIFA inataka nchi huru inayotambuliwa kimataifa, lakini imeacha mlango mdogo: eneo lisilo huru linaweza kuomba uanachama likipewa ruhusa na shirikisho la nchi linayoitegemea. Tahiti iliingia 1990, New Caledonia 2004. Réunion ni mwanachama mshiriki wa CAF tu. Inacheza Michezo ya Visiwa vya Bahari ya Hindi dhidi ya Komoro, Madagaska, Morisi na Shelisheli, lakini haichezi Kombe la Dunia.

Zanzibar ilipewa uanachama kamili wa CAF Machi 2017, ukafutwa Julai mwaka huo huo kwa hoja kwamba si nchi inayojitegemea. Wanaotolea mfano Tahiti wana hoja nzuri ya mpira. Kwenye karatasi, hata hivyo, njia hiyo inapita kwa TFF, shirikisho la soka la Tanzania, na bila barua yake hakuna pa kuanzia.

Uhuru peke yake nao hautoshi. Kiribati na Tuvalu ni nchi huru zenye viti Umoja wa Mataifa, lakini Oceania ni wanachama washiriki tu, nje ya wale 11 walio FIFA. Ardhi yenyewe ya kuweka uwanja ni tatizo huko.

Umri unahakikishwaje? Hapa kwetu vyeti vinapikwa. (Mombasa)

Kwa wavulana wa U-17 FIFA inatumia picha ya MRI ya kifundo cha mkono tangu 2009. Eksirei haitumiki kwa sababu si sawa kumpiga mtoto mionzi bila sababu ya matibabu. Daktari anatazama mwisho wa mfupa mkubwa wa kigasha, upande wa kidole gumba, mahali palipo na ukanda wa gegedu ambako mfupa hukulia. Ukanda ukiwa wazi, mtoto anakua bado. Unavyofungamana ndivyo daraja linavyopanda, kutoka la 1 hadi la 6. Daraja la 6 ni mfupa ulioshikana kabisa, jambo ambalo halitokei ila kwa nadra sana kabla ya miaka 17. Mwenye daraja hilo anaondolewa.

Lakini zingatia mipaka ya kipimo. Hakikuambii umri, kinakuambia tu kwamba huyu amepita umri. Mwenye miaka 18 ambaye mfupa wake umechelewa anaweza kupenya. Na kwa U-20 hakifai kabisa, kwa kuwa wa miaka 19 na wa 22 wote mifupa imeshashikana. Huko kinachobaki ni pasi ya kusafiria na kumbukumbu za shule.

Ushauri kwa kocha: pima kabla ya kusajili, usisubiri mashindano. Tanzania inaijua faida ya kanuni hii. Serengeti Boys, timu ya taifa ya U-17, walikwenda fainali za Afrika za 2017 kule Gabon baada ya Kongo Brazzaville, waliokuwa wamewatoa, kuondolewa kwa sababu mchezaji wao mmoja hakufika kwenye kipimo cha MRI.

Mechi zao nizitazame saa ngapi? (Msomaji wa Dar es Salaam)

Mara nyingi hurushwa FIFA+, huduma ya video ya FIFA mtandaoni. Chukua mechi inayoanza saa 9 alasiri ya huko. Ikiwa Port Moresby, kwetu ni saa 2 asubuhi. Honiara (Visiwa vya Solomon), Port Vila (Vanuatu) au Nouméa (New Caledonia), saa 1 asubuhi. Suva (Fiji), saa 12 asubuhi. Apia (Samoa), saa 11 alfajiri. Papeete ndiko watu wanakokosea: iko ng'ambo ya mstari wa tarehe, hivyo mechi ya Jumamosi alasiri kwetu ni saa 10 alfajiri ya Jumapili. Samoa na Samoa ya Marekani ni majirani kabisa, lakini saa zao zimepishana kwa siku nzima.

Tunataka kuandaa kombe la U-15 la Mafia, Unguja, Pemba na Lamu. Tuanzie wapi? (Kilindoni)

Anzieni na vibali, kwa sababu Lamu ni Kenya na hiyo inafanya mashindano kuwa ya kimataifa. Andikieni TFF, ZFF ya Zanzibar na FKF ya Kenya angalau miezi 3 kabla. Kila mtoto anayevuka mpaka awe na hati ya kusafiria na barua ya mzazi yenye sahihi.

Tarehe: likizo ya Juni na Julai inavutia, lakini ndiyo kusi limeshika, na boti ya kutoka Nyamisati kuja Mafia inaweza kuzuiwa siku mbili. Desemba ni salama zaidi. Kwa vyovyote timu zifike siku 2 kabla.

Timu 4 kucheza zote kwa zote ni mechi 6. Siku ya 1: A na B, C na D. Siku ya 3: A na C, B na D. Siku ya 5: A na D, B na C. Siku ya 7 fainali na mshindi wa tatu. Wapeni vipindi vya dakika 35, mpira namba 5, mitatu kwa kila mechi. Mechi ya kwanza saa 8 mchana, ya pili saa 10, mtakuwa mmemaliza kabla ya Magharibi. Ijumaa iwe siku ya mapumziko. Dakika 3 za maji katikati ya kila kipindi, hilo msilijadili. Waamuzi walipwe na kamati, wasije na timu.

Uwanja mmoja unaleta tatizo siku ya 5: timu za saa 10 zitajua matokeo ya saa 8 na zinaweza kupanga. Dawa ni kuwapa wote nusu fainali, wa 1 na wa 4, wa 2 na wa 3, siku ya 7, kisha fainali siku ya 9. Kama fedha hazitoshi siku hizo 2, tafuteni uwanja wa pili kwa siku ya 5 tu.

Pointi zikilingana, tazameni kwanza matokeo ya timu hizo mbili zilipokutana, tofauti ya mabao ije baadaye. Mkianza na mabao, mtoto wa timu dhaifu atafungwa 12 mbele ya wazazi wake ili mwingine apande nafasi moja. Na andikeni mapema: boti ikichelewa, mechi inasogezwa siku inayofuata, bali timu iliyoko kisiwani ikikosa kufika uwanjani dakika 30 baada ya muda, imefungwa 3-0.