Mkono wa Refa Ukiwa Juu, Usipige Golini

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni nahodha wa timu ya mtaa hapa Morogoro. Wiki iliyopita tulikuwa fainali ya kugombea mbuzi, mechi bila bila, zimebaki kama dakika tano. Beki wao akabanwa, akamrudishia kipa wake mpira kwa mguu, kipa akaudaka. Refa akapiga filimbi. Tukadai penalti, akakataa. Akauweka mpira kwenye mstari wa boksi dogo na kunyoosha mkono juu kama mwanafunzi anayetaka kujibu swali. Wao wakajipanga wote kwenye mstari wa goli. Fundi wetu wa mguu wa kushoto akapiga moja kwa moja, mpira ukapita chini ya mwamba, wavuni. Kipa hakuruka hata kidogo, alirudisha mikono nyuma. Refa akasema golikiki, yaani mpira wa wao kuanzisha golini kwao! Tukaenda kwenye matuta ya penalti, tukatolewa. Wazee wa hapa wanasema faulo yoyote ndani ya 18, lile boksi kubwa mbele ya goli, ni penalti. Kocha anasema ukuta ulikuwa karibu mno, haukufika mita 9.15, na kwamba siku nyingine mmoja wetu apitishe soli juu ya mpira kwanza, halafu mwingine apige. Tumeshaanza kuchangishana ada ya rufaa. Tuikate?

JIBU: Marahaba, nahodha. Nianze na jibu la kukuudhi: refa wenu alikuwa sahihi kwa yote matatu. Haikuwa penalti, ukuta ulikaa mahali unaporuhusiwa kukaa, na goli halikuwa goli. Mbuzi mmemkosa kihalali.

Ningeishia hapo, ila barua za namna hii zinanifikia kila msimu wa ndondo, haya mashindano ya mtaani, na karibu zote zimebeba sentensi ileile ya wazee wenu: faulo yoyote ndani ya 18 ni penalti. Nimeisikia kwa makocha wenye filimbi shingoni. Nimeisikia kwa wachambuzi wanaolipwa kuchambua. Kuna siku niliisikia kwa kijana aliyekuja kwenye kozi ya urefa, na ndiye aliyekuwa amechezesha nusu fainali ya mtaani kwao wiki moja kabla. Nikajiuliza ni penalti ngapi za bure aligawa siku ile.

Penalti inataka vitu viwili vikutane: mahali na aina ya kosa. Watu wanashika mahali, aina wanaitupa. Sheria ya 12 ya soka imegawa makosa mafungu mawili. Fungu la kwanza ni ya kumchezea mtu au kuunawa mpira: kumpiga teke, kumkwatua, kumsukuma, kumshika jezi, kumrukia, kumtemea mate, kumziba njia kwa kumgusa, na mchezaji asiye kipa kushika mpira. Hayo adhabu yake ni frikiki ya moja kwa moja, yaani ukipiga golini ukaingia ni goli, na yakifanyika kwenye 18 ya mfanyaji, ndiyo penalti. Fungu la pili ni makosa ambayo hayakumgonga mtu: kunyanyua mguu usoni mwa mwenzako bila kumgusa, kumziba njia bila kugusana, kumtolea refa maneno machafu, na haya makosa madogo ya kipa. Fungu hili adhabu yake ni ile ambayo sisi marefa tunaiita indairekti, yaani mpira wa adhabu ambao lazima uguswe na mchezaji wa pili ndipo goli lihesabiwe. Hata kosa litokee hatua mbili kutoka mwamba, inabaki indairekti.

Sasa kipa wa wapinzani wenu alikosea nini? Hakukosea kushika mpira, kushika ndiyo kazi yake ndani ya 18. Alikosea kushika mpira ambao kwa wakati ule hakuruhusiwa kuushika, kwa kuwa mwenzake alimrudishia makusudi kwa mguu. Sheria hiyo iliingia 1992, baada ya watu kuchoshwa na Kombe la Dunia la Italia 1990. Kabla ya hapo beki anamrudishia kipa, kipa anadaka, anambingirishia beki, beki anarudisha tena, saa inakwenda na watazamaji wanapiga miayo. Mwaka 1997 wakaongeza na mpira wa kurusha: mwenzako akikurushia, usidake. Na kadi nyekundu msiidai, najua mliidai. Kipa akidaka mpira wa namna hiyo ndani ya boksi lake, hata kama kwa kudaka amezuia goli, adhabu ni hiyo indairekti tu, kadi hapati.

Angalieni pia neno "mguu". Mpira aliourudisha beki kwa kichwa, kifua, paja au goti, kipa adake kwa raha zake. Ukimgonga beki mguuni na kumfikia kipa kwa bahati mbaya, adake pia. Kinachokatazwa ni kuupiga kwa makusudi, kwa wayo au kifundo, kumpa kipa. Kuna wajanja wanaounyanyua mpira kwa mguu, wanaupiga kichwa wenyewe, unamfikia kipa, wanajiona wameikwepa sheria. Hiyo ni njano na indairekti, na hapo kipa hahitaji hata kuudaka.

Tuje kwenye ule mkono juu. Mlimwona refa amenyoosha mkono "kama mwanafunzi", na hakuna aliyejiuliza kwa nini. Mkono ule ulikuwa unawaambia: huu ni indairekti, usipige golini ukitegemea goli. Refa anaunyanyua kabla ya kupigwa na anaubakiza hewani mpaka mtu wa pili aguse, au mpira utoke nje, au ionekane wazi kwamba goli la moja kwa moja haliwezekani tena. Fundi wenu akapiga, mpira haukumgusa mtu, ukaingia. Sheria ya 13 inasema hapo ni golikiki. Kama refa angesahau kunyanyua mkono na mpira ukaingia moja kwa moja, mgepewa kurudia. Ndiyo rufaa pekee ambayo ningewaandikia mimi mwenyewe. Lakini wewe umeshanishuhudia kwa barua yako kwamba mkono ulikuwa juu.

Aliyenifurahisha katika hadithi yako ni kipa. Alirudisha mikono nyuma! Mpira unakuja chini ya mwamba, uwanja mzima unapiga kelele, na yeye anaukwepa, kwa sababu anajua ukimgusa hata ukucha kisha ukaingia, ni goli halali. Mguso wa mtu yeyote unahesabiwa, awe wa kwenu au wa kwao. Katika watu 22 waliokuwa uwanjani, huyo ndiye aliyeusoma mkono wa refa.

Ukuta. Kocha wako amekariri mita 9.15 na hakumalizia sentensi. Wapinzani wanakaa umbali huo isipokuwa wakiwa juu ya mstari wao wa goli, katikati ya milingoti miwili. Boksi dogo lina mita 5.5 kutoka mstari wa goli, na indairekti ya ndani ya boksi dogo hutolewa nje kidogo, inapigwa kwenye mstari wake ulio sambamba na goli. Ukiwataka wakae mita 9.15 itabidi warudi nyuma ya nyavu. Kwa hiyo sheria inawaruhusu kupanga watu hata wote kumi na moja kwenye mita 7.32 za goli. Mmoja akisimama nje ya mlingoti, huyo ndiye wa kusogezwa. Na ninyi, tangu 2019, ukuta wa wapinzani ukiwa na watu watatu au zaidi, mnatakiwa kukaa mita moja kutoka kwao hadi mpira upigwe. Zile sukumasukuma za kujichomeka kwenye ukuta zimekwisha.

Kila nikitaja ukuta kuna mtu ataleta habari za Mwepu Ilunga, yule beki wa Zaire aliyechomoka ukutani mwaka 1974 kwenye mechi na Brazil na kuubutua mpira wa frikiki kabla haujapigwa. Dunia ilicheka ikasema Waafrika hawajui sheria. Mwenyewe alikuja kueleza baadaye kwamba sheria alizijua vizuri, alifanya makusudi kwa hasira ya yaliyokuwa yanaendelea ndani ya timu yao. Alipewa njano. Mimi mtu anayevunja sheria akiijua sina ugomvi naye sana. Ananipa kazi rahisi.

Anayenitoa povu ni kocha wako na soli yake. Hii ya "pitisha soli juu ya mpira, halafu mwenzako apige" inafundishwa nchi nzima kana kwamba ni dawa. Si dawa. Mpira unahesabiwa umeanza kuchezwa ukipigwa na ukaonekana wazi kwamba umesogea. Neno "wazi" liliongezwa 2016 kwa ajili ya watu wa namna hii hii. Ukiukanyaga, ukaupapasa, ukautikisa palepale ulipo, hujaupiga. Atakayekuja nyuma yako ndiye mpigaji wa kwanza, na akifunga moja kwa moja, golikiki tena. Mtatolewa mara ya pili kwa kosa lilelile, safari hii mkiwa mmelifanyia mazoezi.

Njia sahihi ni nyepesi kuliko hiyo. Mmoja ausukume mpira kwa upande wa ndani wa mguu, nusu mita au mita moja, pembeni au nyuma kidogo, mwingine apige. Mimi napenda nyuma. Mpira ukishasogea tu, ule ukuta wote unaruhusiwa kuwarukia, na kwa mita tano na nusu wanafika kabla hujamaliza kuvuta mguu. Ukirudisha nyuma unampa mpigaji nafasi ya kupumua na pembe ya kuunyanyua juu ya vichwa. Aliyesukuma asiuguse tena kabla ya mtu mwingine, maana mpigaji kugusa mara mbili ni indairekti kwa wapinzani. Jambo lingine: ni nani kawaambia lazima msubiri wajipange? Februari 2010, Ligi ya Mabingwa, Porto na Arsenal. Beki wa Arsenal, Sol Campbell, alimrudishia mpira kipa wake Fabianski, akaudaka, refa akapiga filimbi. Kipa akampa refa mpira. Wakati Arsenal wanalalamika, Ruben Micael wa Porto akauweka chini, akampasia mwenzake Falcao, goli tupu, mbili moja. Porto hawakupoteza muda kudai penalti wala kadi. Ninyi muda wa kudai penalti mlikuwa nao, na kila sekunde mliyomzonga refa iliwapa wenzenu nafasi ya kuleta mtu mwingine kwenye mstari.

Na tatizo hili halikomei kwa indairekti. Sheria za vijiweni zimekuwa nyingi kuliko sheria 17 zenyewe. Wengine wanasema frikiki haina kuotea. Inayo! Isiyo na kuotea ni mitatu tu: mpira wa kurusha, kona na golikiki. Mimi niliwahi kukimbizwa uwanja mzima kwa hilo. Mshika kibendera wangu alinyanyua kibendera frikiki ilipopigwa, straika akiwa peke yake na kipa, nikafuta goli, na mzee mmoja mwenye bakora akaingia akiwaita vijana: "Huyu kanunuliwa, frikiki ina kuotea wapi?" Nilinusurika kwa bodaboda ambayo hata nauli sikulipa. Mwingine atakwambia "aligusa mpira kwanza" kana kwamba ukigusa mpira kwanza una leseni ya kumvunja mtu mguu kwa daluga lile lile. Mwingine anasema mkono ukiwa haujakusudiwa si kosa kamwe, na mwenzake pembeni anasema mkono wowote ni penalti, na wote wawili wamelitoa kwenye video za sekunde thelathini.

Hizo video ndizo zinanitia wasiwasi kuliko wazee. Mzee wa kijiweni angalau amebaki na sheria ya zamani. Kijana wa simu ana ya mwaka juzi, ya mwaka huu na ya kubuni, zote kwenye kapu moja. Sheria zinafanyiwa marekebisho, na yanaanza Julai mosi. Chukua hili la kipa kukaa na mpira. Tumezoea sekunde sita na indairekti, na karibu hakuna refa aliyekuwa anaipiga. Tangu Julai 2025 ni sekunde nane, refa anazihesabu tano za mwisho kwa kunyanyua mkono na kukunjua vidole, na zikizidi, wapinzani wanapewa kona. Kona, si indairekti. Sasa nimekwambia mkono juu maana yake indairekti, na hapa nakwambia refa ananyanyua mkono kumhesabia kipa; nahodha asiyejua tofauti yake atamvaa refa bure na kula njano. Waliokuwa na ile ya sekunde sita kichwani wataendelea kumfokea refa kijana aliyetoka kozini jana na yuko sahihi, na yule kijana, akishafokewa mara tatu, ataanza kuchezesha wanavyotaka wao ili arudi nyumbani salama. Hapo ndipo ndondo zetu nyingi zilipofika: refa anajua sheria na anaogopa kuitumia.

Rufaa msikate. Uamuzi wa refa kuhusu goli limefungwa au halikufungwa ni wa mwisho, na hapa hata kosa la kisheria hakuna. Hiyo ada mliyochangishana nunueni mpira, halafu jioni moja wapangeni watu kumi na moja kwenye mstari wa goli, uwekeni mita tano na nusu, mmoja ausukume nyuma, fundi wenu apige. Mtaona jinsi walivyo wengi pale mstarini, na jinsi walivyo karibu.