Aliyeimba "Drive" ni nani, na je nimechelewa?

SWALI: Shikamoo anti. Niko Majengo hapa Moshi, wikiendi napiga gitaa kwenye hoteli za watalii. Juzi tumebishana na baba mdogo kuhusu ule wimbo Drive wa ile bendi ya Marekani, The Cars, yeye anao kwenye kaseti tangu enzi hizo, anasema aliyeimba ni yule mrefu mwembamba wa miwani nyeusi, Ric Ocasek, mimi nimeona mtandaoni kwamba sio yeye. Nani yuko sahihi? La pili, nina miaka 33, nyimbo zangu zimejaa daftari zima na hakuna hata moja iliyotoka, nyumbani wananiambia muda wangu umeshapita. Huyo jamaa alitoka akiwa na umri gani?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Baba mdogo mwambie kwa heshima kwamba amekosea, ila sio sana. Sauti ni ya Benjamin Orr, mpiga besi wa bendi, lakini aliyeutunga ni Ocasek. Na hapo ndipo ninapompendea huyu mtu, alikuwa kiongozi, nyimbo karibu zote ni zake na nyingi kaziimba mwenyewe, ila akikuta wimbo unataka sauti laini anampa rafiki yake auimbe. Hata Just What I Needed, ule uliowatoa 1978, kaimba Orr.

Mimi Drive niliusikia mara ya kwanza kwa fundi redio Ngarenaro hapa Arusha, alikuwa anapimia spika kwa kaseti hiyo, anasogeza sikio mpaka linagusa kitambaa cha spika, anarudisha nyuma, anasikiliza tena. Usikilize usiku kwa hedifoni utaelewa kwa nini, ngoma inakwenda taratibu, nyuma kuna sauti zimepangwa kama kwaya iliyoko chumba cha pili, halafu Orr hapazi sauti hata mara moja, anauliza maswali tu moja moja kama mtu aliyekaa pembeni ya kitanda cha mgonjwa.

Sasa umri. Ocasek kazaliwa Baltimore, Marekani, 1944, akiwa kijana familia ikahamia Cleveland na huko ndiko alikokutana na Orr. Wakahangaika wote mji hadi mji mpaka wakatua Boston. Wakawa na kundi linaitwa Milkwood, nyimbo tulivu za gitaa, wakatoa albamu moja, haikwenda popote, kundi likafa. Wakaunda jingine, Cap'n Swing, nalo likafa. The Cars ilianza 1976, demo yao, yaani rekodi ya majaribio, ikawa inapigwa redioni Boston hata mkataba hawana, na albamu ya kwanza inatoka 1978 Ocasek ana miaka 34. Thelathini na nne mdogo wangu! Wewe bado una mwaka mzima hapo, wasikuvunje moyo.

Baba mdogo mpe na hii. Albamu hiyo ya kwanza prodyuza wake ni Roy Thomas Baker, yuleyule wa Queen ya Freddie Mercury, mtoto wa Zanzibar. Na Heartbeat City ya 1984, ambayo ndio ina Drive, wameitengeneza na Mutt Lange, mzaliwa wa Mufulira, Zambia. Drive ikafika namba 3 Marekani, mwaka uliofuata kwenye Live Aid, lile tamasha la kuchangia wenye njaa, ikawekwa pamoja na picha za njaa ya Ethiopia, na kuna watu mpaka leo wakiusikia wanaona wale watoto, sio mapenzi tena.

Bendi ilivunjika 1988. Ocasek akawa prodyuza wa vijana, albamu ya kwanza ya bendi ya Weezer ya 1994 ni mkono wake. Orr alifariki 2000 kwa kansa ya kongosho, na waliobaki waliporudi studio wakatoa albamu 2011 hawakuajiri mpiga besi mwingine. Hiyo inanigusa kila nikiikumbuka. Ocasek mwenyewe amefariki New York Septemba 2019.

Kwa hiyo lile daftari usilifungie kabatini. Chagua nyimbo tatu, urekodi hata kwa simu, na kama kuna wimbo unakushinda koo usiutupe, mpe mwenzako aujaribu. Hapo mnapopiga wikiendi, nani ana sauti laini kuliko yako?